Mishamo: Jina la Babu Lilivyogeuka Ukoo

Mkoa wa Katavi umepewa jina la mtu. Katika masimulizi ya wenyeji, Wabende kwa Wapimbwe, Katabi alikuwa mwindaji hodari, na roho yake husemwa kuwa imekaa kwenye mkwaju ulio karibu na ziwa lenye jina lake, ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Katavi. Wapo wanaoendelea kuacha sadaka chini ya mti huo wakiomba baraka. Mwaka 2012 Mpanda ilipotengwa na Rukwa na kuwa mkoa, jina la mwindaji likapanda kwenye mihuri, mabango na barua za serikali. Mtu mmoja ameachia jina lake watu ambao wengi wao hawajawahi kusikia habari zake.

Kaskazini mwa mkoa huohuo, upande wa kuelekea Uvinza, iko Mishamo, na huko majina yamepita njia hiyohiyo kwa muda mfupi zaidi, tena mbele ya macho ya watu walio hai. Mishamo ilifunguliwa mwaka 1978 kuwa makazi ya Warundi waliokimbia mauaji ya 1972. Leo ni vijiji vya Wilaya ya Tanganyika, na wakazi wake wengi ni raia wa Tanzania kwa tajinisi. Wazee wao walivuka mpaka wakiwa na majina yasiyobeba ukoo. Wajukuu wana majina matatu kama Mtanzania yeyote, na la tatu wanaliita la ukoo. Historia ya hilo la tatu ndiyo historia ya Mishamo yenyewe.

Kila mtoto na lake

Katika desturi ya Burundi, kama ilivyo Rwanda, baba hamrithishi mtoto jina lake. Kila mtoto hupewa la kwake, na watoto watano wa baba mmoja na mama mmoja wanaweza kuwa na majina matano yasiyohusiana hata kidogo. Ukoo upo, na zamani watu walijua vizuri nani ni wa ukoo gani kabla ya kupeleka posa, lakini haukuwekwa kwenye jina. Mwanamke aliyeolewa alibaki na jina alilopewa kwao.

Jina lenyewe mara nyingi ni sentensi nzima. Ndayishimiye ni “namshukuru”. Ndayizeye ni “namtumaini”. Nduwimana ni “mimi ni wa Mungu”, Havyarimana ni “anayezaa ni Mungu”, Hakizimana ni “anayeponya ni Mungu”. Mungu kwa Kirundi ni Imana, lakini si lazima atajwe. Ndani ya Ndayishimiye na Ndayizeye silabi ile “yi” inatosha, na kila asikiaye anajua ni nani anayeshukuriwa na kutumainiwa.

Kifo nacho kina silabi yake. Nzikoruriho maana yake ni “najua kwamba kipo”. Kinachojulikana kuwapo ni urupfu, yaani kifo, lakini mzazi aliyekwisha kuzika hakitaji mbele ya mtoto mchanga. Anakigusa kwa “ru” tu na kunyamaza.

Halafu kuna majina ya kumsema jirani. Baranyanka ni “wananichukia”. Bazikwankana ni “wanajua kuchukiana”. Ntibantunganya ni sawa na kusema “hawanitendei haki”. Mtoto hana kosa lolote katika maneno hayo. Mzazi anaposimama mlangoni jioni na kumwita mwanawe arudi nyumbani, ujumbe unafika nyumba ya pili bila ugomvi kuanza, na aliyekusudiwa hana pa kujibia, kwa kuwa mwenzake anamwita mtoto tu.

Msomaji wa Kiswahili hatashangaa. Tuna akina Sikujua, Sikudhani, Siwema, Mashaka, Masumbuko, Tabu na Shida, na kila mmoja ana kisa ambacho shangazi fulani anakijua. Hata pacha hutambulika kwa majina. Wanyamwezi na Wasukuma huwaita Kulwa na Doto, na anayewafuata akawa Shija. Warundi huwaita Bukuru na Butoyi, mkubwa na mdogo. Familia ikizidi kukua, Kirundi kinahesabu: Nyandwi wa saba, Minani wa nane, Nyabenda wa tisa, Bucumi wa kumi. Mwanaisimu Philippe Ntahombaye wa Burundi aliyachunguza majina haya katika kitabu alichokitoa mwaka 1983, naye mwenyewe ana jina la kulalamika: Ntahombaye, kwa makadirio, ni mtu asemaye kwamba hana pa kukaa.

Majina yaliyorithiwa yalikuwa ya kiti cha enzi tu. Wafalme wa Burundi walipokezana manne kwa zamu: Ntare, Mwezi, Mutaga na Mwambutsa. Aliyetawazwa aliweka kando jina la kuzaliwa na kuchukua la zamu yake.

Wamisionari na watawala wa Kibelgiji ndio waliotia mbegu ya mabadiliko. Ubatizo ulileta akina Melchior, Cyprien, Sylvestre na Domitien. Karani aliyezoea karatasi za Kifaransa, zenye nafasi moja ya jina la ubatizo na nyingine ya jina la familia, aliandika la Kirundi mahali pa familia. Ndiyo maana dunia inawafahamu marais wa Burundi kama Melchior Ndadaye au Évariste Ndayishimiye, ikidhani la pili ni la ukoo. Ni jina la mtu mmoja lililokalishwa kwenye kiti cha ukoo.

Mwaka 1972

Usiku wa tarehe 29 Aprili 1972, mjini Gitega, aliuawa kijana aliyezaliwa akaitwa Charles Ndizeye. Mwaka 1966 alikuwa ametawazwa kuwa Ntare wa Tano, na baada ya miezi michache tu akapinduliwa na waziri mkuu wake, Michel Micombero, aliyeufuta ufalme. Kwa kifo chake mzunguko wa majina manne ya kifalme ulikatika.

Siku hiyohiyo uasi ulikuwa umelipuka kusini, Rumonge na Nyanza-Lac kando ya Ziwa Tanganyika, na waasi wa Kihutu waliwaua Watutsi wengi. Serikali ya Micombero ilijibu kwa mauaji ya miezi kadhaa yaliyowalenga Wahutu, hasa waliosoma: walimu, wanafunzi, makarani, mapadri, askari, wafanyabiashara. Makadirio mengi ya waliokufa ni kati ya watu 100,000 na 300,000. Warundi wameuita msiba huo ikiza.

Jina la Kirundi halisemi kabila la mtu. Wahutu, Watutsi na Watwa huongea lugha moja na kupeana majina yaleyale. Ndayizeye anaweza kuwa yeyote kati yao. Hata hivyo watu waliitwa kwa orodha madarasani na maofisini, na orodha za namna hiyo huandikwa na anayekujua, aliyesoma nawe au kufanya kazi nawe. Aliyesalimika aliondoka na somo kwamba jina lake kwenye karatasi ya mtu mwingine linaweza kuwa hatari.

Ng’ambo ya ziwa hilohilo, mwaka huohuo, Mobutu alikuwa ameanza kuwavua Wazaire majina ya ubatizo kwa jina la uhalisi wa Kiafrika, akianza na yeye mwenyewe. Kwa hiyo mwaka 1972, katika fukwe mbili za Ziwa Tanganyika, dola mbili ziliingia kwenye majina ya watu, kila moja kwa njia yake. Mitumbwi iliyokuwa ikipakia watu usiku ilielekea ufukwe wa tatu, Kigoma.

Kutoka nchi ya Mirambo

Tanzania iliwahamisha wakimbizi hao mbali na mpaka. Wengine walipelekwa Ulyankulu mkoani Tabora, wengine Katumba karibu na mji wa Mpanda. Ulyankulu iko katika nchi ya mtu aliyejua maana ya kubadili jina: Mtyela Kasanda, mtemi wa karne ya 19, alijipatia kwa vita jina la Mirambo, yaani maiti, na kutoka kwake tukapata Urambo.

Ulyankulu ilijaa. Ardhi na maji havikuwatosha watu waliokuwamo, na kuanzia mwaka 1978 maelfu walipakiwa kwenye malori na kushushwa katika miombo ya kaskazini mwa Mpanda, nchi ya Wabende na Watongwe. Hapo ndipo Mishamo ilipoanzia. Serikali ya Tanzania, Shirika la Umoja wa Mataifa la Kuhudumia Wakimbizi na shirika la Kilutheri la TCRS walipima eneo la takriban kilomita za mraba 2,000, wakalikata katika vijiji 16 vyenye barabara zilizonyooka, na kila familia ikagawiwa shamba lake. Watu walikata miti na kulima mahindi, maharage na mihogo. Mwaka 1985 wafadhili walikabidhi makazi kwa serikali.

Makazi ya namna hii huendeshwa kwa daftari, na daftari linataka jina. Jina liliandikwa ulipogawiwa shamba, ulipompeleka mtoto kliniki, ulipomwandikisha shule, na kila ulipoomba kibali, maana hukuruhusiwa kutoka nje ya makazi bila kibali. Yule aliyekuwa ameitwa Nzikoruriho na mzazi wake mara moja, kwa sababu moja, sasa aliandikwa tena na tena na watu wasiojua sababu hiyo. Shule zilifuata mtaala wa Tanzania na zilifundisha kwa Kiswahili, na rejista ya mwalimu ilikuwa na desturi yake: jina la mtoto, kisha la baba. Jina la baba likaanza kuteremka kwa watoto.

Hata tahajia ilibadilika. Kirundi huandika c mahali ambapo Kiswahili huandika ch, na karani huandika asikiavyo. Ciza wa Burundi upande huu ni Chiza, kama Watanzania wanavyolijua jina la Christopher Chiza wa Kigoma, aliyewahi kuwa Waziri wa Kilimo. Herufi nyingine huchora mpaka wa pili. Mrundi ni Havyarimana, Mnyarwanda ni Habyarimana, kama Juvénal Habyarimana aliyeitawala Rwanda kuanzia 1973 hadi 1994. Ndani ya Mpanda hiyohiyo, Mwese, walikuwa wamekwisha kukaa Wanyarwanda waliokimbia katika miaka ya 1960, na mwaka 1980 Tanzania iliwafungulia mlango wa uraia wakimbizi wa Kinyarwanda wapatao 36,000. Kwa hiyo wilaya moja ilikuwa na makazi ya Warundi na ya Wanyarwanda, watu wanaosema maneno yaleyale kwa Mungu yuleyule, na herufi moja ikiwatofautisha.

Kubaki na jina, kulificha jina

Mwanaanthropolojia Liisa Malkki alifika Mishamo katikati ya miaka ya 1980, akaishi na watu na kusikiliza. Kitabu alichokitoa mwaka 1995 kimekuwa marejeo kwa wanaosoma habari za wakimbizi duniani kote. Alikuta kwamba watu wa makazini walijiona taifa lililo ugenini, wakiisimulia historia yao kwa makini na kuulinda utambulisho wao wa Kihutu. Chama cha PALIPEHUTU kilianzishwa Mishamo mwaka 1980, na kiongozi wake alijulikana kwa jina la Rémi Gahutu, jina ambalo ndani yake kabila linasomeka waziwazi. Katika nchi ambayo majina hayakutaja kabila, hilo lilikuwa tamko.

Mjini Kigoma Malkki alikuta kinyume chake. Wakimbizi waliokwepa makazi walijichanganya na watu. Huyu alijitambulisha kuwa Muha, yule alichukua jina la Kiislamu, na mmoja angeweza kuwa na majina mawili au matatu kutegemea anaongea na nani. Kiha na Kirundi ni lugha ndugu, kwa hiyo kujificha hakukuwa kazi kubwa kwa mtu mwenye ulimi mwepesi.

Katika miaka ya 1990 mtafiti Marc Sommers aliwafuata vijana wa Kirundi waliotoroka makazini kwenda Dar es Salaam. Wengi walikuwa mafundi cherehani, wakifanya kazi na kulala humohumo vibandani, wakiogopa kukamatwa kwa kuwa hawakuwa na kibali. Walijifanya Watanzania wa mikoani na kuchunga midomo yao. Katika hali hiyo jina la sentensi, lenye “ndayi” mbele au “imana” nyuma, linakutaja kabla hujafungua mdomo. Joseph peke yake, au Juma, halimwambii polisi kitu.

Makazini nako majina ya watoto yalikuwa yakigeuka taratibu, bila hofu. Wazazi waliozaliwa au kukulia Tanzania walikuwa na lugha mbili za kumshukuru Mungu, na Neema, Baraka, Amani, Shukuru na Faraja yanasema karibu yaleyale. Tabia ya kuzungumza kwa jina la mtoto ilibaki ileile. Kilichobadilika ni lugha, na pamoja nayo majirani wanaotarajiwa kusikia.

Karatasi ya uraia

Mwaka 2007 Tanzania, Burundi na Umoja wa Mataifa vilikubaliana kulimaliza suala la wakimbizi wa 1972. Walihesabiwa watu wapatao 218,000 katika Katumba, Ulyankulu na Mishamo, na kila familia ikaulizwa: kurudi au kubaki? Wapatao asilimia 80 walichagua uraia wa Tanzania. Waliotaka kurudi walirudi Burundi kuanzia mwaka 2008. Mwaka 2010 serikali ya Rais Jakaya Kikwete iliwakubalia uraia watu 162,156, idadi ambayo ni nchi chache duniani zimewahi kuifikia kwa mkupuo mmoja.

Vyeti vilichelewa. Mpango wa kwanza ulitaka makazi yafungwe na raia wapya watawanywe mikoani, na kwa miaka kadhaa watu walikuwa si wakimbizi tena wala hawana karatasi ya uraia mkononi. Mpango huo ulipoachwa, vyeti vikaanza kutolewa mwaka 2014, na Mishamo ikabaki mahali pake na watu wake.

Uraia ulikuja na fomu, na fomu ya Tanzania ina vyumba vitatu: jina la kwanza, la kati, la mwisho. Tutunge familia moja ili tuone kazi yake. Mzee alivuka ziwa mwaka 1972 akiitwa Ndayishimiye tu, kwa sababu baba yake alipata mtoto aliye hai baada ya kupoteza wawili. Mwanawe alizaliwa Ulyankulu akabatizwa Joseph, na kwa Kirundi akaitwa Minani, kwa kuwa ni wa nane. Binti wa Joseph alizaliwa Mishamo akaitwa Neema. Shuleni aliandikwa Neema Joseph. Fomu ya uraia ikataka la tatu, na la tatu lililokuwapo ni la babu: Neema Joseph Ndayishimiye. Baba yake mdogo, aliyeandikishwa dirisha jingine, aliwaandikia wanawe jina lake mwenyewe la Kirundi mwishoni. Sasa watoto wa ndugu wawili, waliokulia ua mmoja, wana majina ya mwisho mawili. Minani, lililosema kwamba Joseph ni wa nane, limebaki midomoni mwa wazee na halimo katika karatasi hata moja.

Tofauti hizo huonekana ndogo mpaka siku ya mirathi, ya mkopo wa chuo kikuu au ya kitambulisho cha NIDA, pale cheti cha kuzaliwa kinapotakiwa kulingana na cheti cha kidato cha nne. Hapo mtu huenda kula kiapo kwamba majina mawili ni ya mtu mmoja. Hili si la Mishamo peke yake; Mtanzania wa mkoa wowote analijua. Lakini kwa jamii iliyokuja bila jina la ukoo, karatasi hizi hazikuandika vibaya ukoo uliokuwapo. Zenyewe ndizo zilizouanzisha.

Viwavi na shukrani

Dunia imepitia njia hii mara nyingi. Uturuki ilipitisha sheria ya majina ya ukoo mwaka 1934, na familia zikatakiwa kuchagua moja. Iceland mpaka leo wengi wanatumia jina la baba badala ya la ukoo. Hata hivyo mfano ulio bora zaidi uko nyumbani. Mwaka 1860, katika nchi ya Wazanaki, mtoto alizaliwa wakati viwavi wameshambulia nchi, akaitwa Nyerere, yaani viwavi. Alikua akawa mtemi, Nyerere Burito. Mwanawe aliyezaliwa mwaka 1922, siku ya mvua kubwa, aliitwa Kambarage kwa jina la pepo wa mvua, na alipobatizwa mwaka 1943 akaongeza Julius. Jina la viwavi vya msimu mmoja likawa la ukoo, kisha la viwanja, barabara na uwanja wa ndege. Hakuna anayelisikia leo akafikiria mazao yaliyoliwa.

Ndayishimiye wa Mishamo yuko hatua ileile ambayo Nyerere wa Butiama alikuwapo miaka themanini iliyopita. Jina limemwacha mwenyewe na kuhamia kwa wajukuu. Neema hashukuru kwa ajili ya wale watoto wawili waliokufa. Ana jina la mwisho, basi, na atawaachia wanawe au ataolewa na kuliweka kando. Si hasara kwa kila upande. Jina la ukoo linampa mtoto wa wakimbizi kitu ambacho babu yake hakuwa nacho mwaka 1972: uthibitisho, wenye muhuri, kwamba yeye ni wa nyumba fulani na nchi fulani, na kwamba shamba lile ni lao.

Kinachoweza kupotea ni sababu. Aliyekuwa na miaka ishirini wakati wa ikiza sasa amepita sabini, na yeye ndiye anayejua ni nani aliyechukiwa katika Baranyanka, ni kifo cha nani kilichoguswa katika Nzikoruriho, na shukrani ya Ndayishimiye ilitolewa siku gani, kwenye kilima gani. Shule za Mishamo zina wanafunzi wanaoandika Kiswahili vizuri na wanaoishi na wazee hao nyumba moja. Wakitumwa nyumbani na swali moja tu, jina letu la tatu lilikuwa la nani na kwa nini aliitwa hivyo, watarudi na historia ya makazi yao, na itakuwa imeandikwa na wenyewe.